Glasi Kumi na Moja

Nina daftari moja lililong'oka jalada. Ni la nyumba ya wageni ambayo bado sijaijenga. Itakuwa karibu na ziwa, vyumba sita, shuka za rangi ya yai, na asubuhi mgeni ataamshwa na harufu ya chai ya tangawizi, si na mtu wa kumgongea mlango. Kiwanja sina, ila shuka nimeshazichagua. Watu wananicheka kwa hilo, na mimi nacheka nao.

Ukurasa wa tisa una neno moja juu, kwa herufi kubwa: KUPOKEA. Nililiandika siku nilipoanza kazi katika mgahawa mdogo wa Kamembe, njia ya uwanja wa ndege. Mwenye mgahawa aliniambia, "Kuosha sahani kila muntu anajua. Wewe nataka siku moja ujue kupokea." Nikaitika ndiyo Maman, halafu nikaingia jikoni nikijiuliza ni kitu gani hasa nimekubali.

Neno lenyewe nilikuwa nalo tangu utotoni, sikuwa nimeliangalia tu. Tulipokuwa tunaishi Bukavu, mama alikuwa anatoka sokoni na beseni kichwani, na kabla hajafika mlangoni anaita, "Munipokee." Hakuna aliyeuliza kitu gani. Tulikimbia, yaya wangu upande huu, mimi upande ule, tukashusha. Yaya ndivyo tunavyomwita ndugu mkubwa, wa kike au wa kiume. Wangu ni wa kike. Kwaya ikaniletea maana nyingine: mwalimu anaanzisha wimbo, sisi tunapokea, na ukichelewa kupokea anabaki peke yake huko juu kama mtu aliyeondolewa ngazi. Simu nayo inapokewa. Na tulipohamia huku Rusizi, katika nchi ambayo wazazi wangu waliiita nyumbani na mimi nilikuwa naiona tu kutoka ng'ambo ya mto, nikakuta Kinyarwanda nacho kina neno lake, kwakira, linalobeba yote hayo: mzigo, mgeni, hata habari mbaya.

Asili yake alinieleza mwalimu mmoja mstaafu anayesali kanisani kwetu. Mimi shule niliiacha kidato cha tatu, kwa hiyo mtu akinipa neno bure nachukua. Alisema ndani ya kupokea kuna neno la zamani, kupoka, yaani kuchukua kitu kutoka mkononi mwa mtu. Ukichukua kwa nguvu umepoka, umepokonya. Ukichukua kwa sababu mwenyewe amekunyooshea, umepokea. Mkono unaochukua ni uleule, alisema, tofauti iko kwa mwenye kitu. Nikaandika hivyo hivyo. Sikuelewa sana, lakini nilipenda jinsi maneno yalivyokaa kwenye ukurasa.

Halafu wageni wa yaya wakapanga kuja.

Yaya ni mshonaji. Amependana na kijana wa Gashonga anayebeba abiria kwa pikipiki, mtu mpole ambaye hata honi yake anaipiga kama anaomba radhi. Kwa desturi ya hapa, kabla ya kuposa, watu wa kijana huja kwanza kushika irembo, yaani lango la nyumba ya kina msichana. Hawaombi binti siku hiyo. Wanaomba tu waambiwe kama watakuja kuomba. Wanakaa, wanakunywa, wanasema maneno machache, wanaondoka. Ni ziara fupi, na inaweza kuharibika bila mtu yeyote kusema imeharibika. Wageni wanarudi kwao, wiki zinapita, hakuna neno linalokuja. Ndiyo hivyo, imekwisha.

Yaya hakulala vizuri wiki nzima. Watu wa kijana ni wakulima, ndizi na mihogo tangu babu wa babu, na sisi ni wale waliotoka ng'ambo. Tunapoongea Kinyarwanda, Kiswahili kinavuja. Shangazi wa kijana alikuwa ameshauliza, kwa sauti ya kawaida kabisa, eti hao ni watu wa wapi hasa. Kijana alimwambia yaya kama kichekesho. Yaya alicheka mbele yake, akaja kulilia nyumbani.

Baba yetu hayupo tena, kwa hiyo wa kusema kwa ajili ya nyumba alikuwa baba mdogo. Yeye ni mzee wa kanisa. Tangu aokoke hajaonja bia, na hata soda anaiangalia kwanza. Mama alichukua chakula. Yaya, kwa desturi, alitakiwa kukaa chumbani asionekane. Na mimi nikapewa kupokea. Mama alisema hivyo hivyo, "Wewe utapokea bageni," akaendelea kuchambua maharage, kama vile hajanipa kitu kizito.

Nilitaka kila kitu kiwe kizuri mpaka wasahau kuuliza sisi ni wa wapi. Usiku nilitazama kwenye simu video za hoteli kubwa za miji nisiyoijua. Niliona jambo moja linarudi katika zote: mgeni haletewi chupa. Analetewa glasi iliyojaa, juu ya sinia, na kipande cha ndimu kinaelea. Nilitazama nikafikiri, kumbe ndivyo wanavyofanya watu wanaojua. Nikaazima glasi kumi na moja kwenye mgahawa, maana wageni walikuwa kumi na mmoja, na nikanunua ndimu.

Walifika Jumamosi mchana. Mbele mzee wao wa kusema, mwembamba, koti la kahawia, fimbo. Nyuma yake shangazi, mwili mkubwa, macho yasiyopitwa na kitu. Kijana alikuja wa mwisho na suti ya kuazima, mikono ya koti inamalizikia kwenye vidole. Nilizunguka nikauliza kila mmoja anakunywa nini. Sita walitaka bia, watano soda. Nikaingia jikoni, nikafungua chupa zote kumi na moja mfululizo, nikamimina taratibu, nikaweka ndimu. Zilipendeza, kweli. Njano, nyeusi, nyekundu, povu limesimama sawasawa. Nilizipiga picha kabla ya kutoka nazo.

Niliweka glasi mbele ya kila mtu kwa mikono miwili. Baba mdogo akaomba, na maombi yake hayajawahi kuwa mafupi. Akasema amina, tukasema amina, akawaambia karibuni. Akachukua glasi yake ya maji, akanywa.

Hakuna mwingine aliyenyoosha mkono.

Mwanzoni nilidhani wanamsubiri mzee wao. Mzee aliweka mikono yote miwili juu ya fimbo, akamuuliza baba mdogo habari za mvua upande huu. Baba mdogo akaeleza mvua. Mvua ilipokwisha wakaongea bei ya mihogo, halafu barabara. Shangazi aliangalia glasi yake mara moja, akaangalia ndimu, akaangalia ukuta. Povu lilikuwa linashuka. Nilisimama karibu na mlango na sinia tupu kifuani, nikitabasamu mpaka mashavu yakauma.

Mama alichungulia kutoka jikoni. Aliangalia meza tu, hakuniangalia mimi, akarudi ndani polepole. Hapo ndipo nilipoogopa kweli.

Nikaingia chumbani kwa yaya. Alikuwa ameketi ukingoni mwa kitanda amevaa nguo yake ya kitenge, mikono magotini, kama mtu aliye hospitalini anasubiri kuitwa.

"Banakunywa?" akauliza.

"Bado."

"Juu ya nini?"

Nikamwambia sijui kwa nini, vinywaji vyote viko mezani, na nikamweleza jinsi nilivyovipanga, hata ndimu. Alinisikiliza mpaka mwisho. Uso wake ukabadilika.

"Machupa ulifungulia wapi?"

"Jikoni."

"Yote?"

"Yote, Yaya."

Hakunigombeza. Ingekuwa afadhali. Alisema tu, kwa sauti ndogo, "Bamekuya kutuona, na sisi tumebafichia chupa."

Kuna neno moja ambalo halisemwi sebuleni. Nitaliandika hapa mara moja na basi: sumu. Kila kilima kina hadithi zake juu ya kilima cha jirani, na kila upande wa mto una hadithi juu ya upande wa pili. Ukimuuliza mtu atakuambia haziamini. Lakini chupa ya mgeni inafunguliwa mbele ya macho yake, na mwenye nyumba anaonja kwanza, hata kama ni pombe ya ndizi ya mtungi. Hakuna anayekuelezea kwa nini, inafanywa tu. Na mimi nilikuwa nimeiona maisha yangu yote, Bukavu na hapa, kwenye harusi, kwenye misiba, kwa majirani. Niliiona nikadhani ni ukosefu wa sinia. Mgahawani nilikuwa mtu wa jikoni, chupa zilinifikia zikiwa tupu.

Sasa hesabu yote ikanijia kwa mara moja. Watu wa ng'ambo. Glasi zimetoka zimejaa kutoka mahali ambapo hakuna aliyeona. Kitu kinaelea ndani. Na mwenye nyumba, mbele yao, anakunywa maji.

Nilimwambia yaya nitaondoa zote nilete chupa mpya. Akatikisa kichwa. Ukiziondoa, umekubali kwamba zina kitu. Nikasema basi nimwambie baba mdogo aonje. Akaniangalia tu. Sote wawili tulimjua. Mzee wa kanisa aonje bia mbele ya watu kumi na mmoja, na aambiwe sababu kwa kunong'onezwa sikioni, wakati sababu yenyewe ni ile isiyosemwa. Sebuleni tulisikia wamerudi tena kwenye mvua.

"Basi itapita hivyo," yaya akasema. "Batatushukuru, bataenda."

Alianza kufungua kilemba chake, pole pole, kama mtu anayejitayarisha kulala mchana. Sikuweza kuangalia. Nikatoka.

Nilichukua kikombe cha chai jikoni. Nilipopita mama alinishika kiwiko, akauliza naenda kufanya nini, nikasema sijui Maman, na ilikuwa kweli. Mimi ni mwanakwaya. Sheria ya kwaya yetu ni kwamba ukinywa pombe unakaa nje mpaka wazee waseme, na mmoja wa wazee wenyewe alikuwa ameketi pale na maji yake. Tena ni msichana, tena mdogo wa nyumba, na kuonja ni kazi ya mkubwa. Nilijua hayo yote nikitembea.

Nikapiga goti mbele ya mzee mwenye fimbo. Maongezi yakakatika.

Nilisema kwa Kinyarwanda, na najua kilivuja, "Mzee, nisamehe. Nilifungulia jikoni. Nilitaka ipendeze."

Sikungoja jibu. Nikachukua glasi yake, nikamimina kidogo katika kikombe changu, nikanywa. Ilikuwa bia yangu ya kwanza maishani, na povu limeshakwisha, chungu kama dawa ya minyoo. Nikamrudishia glasi kwa mikono miwili. Nikahamia kwa aliyemfuata. Nikamimina, nikanywa. Nilisikia koo langu mwenyewe likimeza, sauti kubwa ya aibu, na nikafikiri wa nne au wa tano atanizuia, aseme binti inatosha, na hapo ndipo nitajua kwamba imekwisha.

Wa tatu alikuwa kijana mwenyewe. Aliinua glasi yake akaniinamishia, nisihangaike kuichukua.

Nilipofika kwa mtu wa tano nilikuwa nimechanganya bia na soda nyekundu, na sura yangu haikuweza tena kujificha. Shangazi akavuta pumzi.

"Mumuwekee kiti karibu," akasema. "Huyu akifika kwangu atakuwa anatuimbia."

Mtu mmoja akacheka puani. Mwingine, mzee mnene aliyekaa pembeni, akafunika glasi yake na kiganja akasema yake ni ndogo, nionje kwa macho. Wakacheka kidogo, si wote. Mzee mwenye fimbo hakucheka. Nilipomfikia shangazi alinisukumia glasi, akasema, "Onja vizuri. Usinionjee kama kuku," na nikaonja vizuri, na sikujua kama ananidhihaki au ananisaidia. Hata leo sijui sana.

Nikamaliza wa kumi na moja. Chini ya kikombe kulikuwa kumebaki mchanganyiko wa rangi isiyo na jina. Nilibaki nimepiga goti katikati ya sebule, sijui niende wapi, nikasikia kiti cha baba mdogo kinasogea.

Alikuja akasimama juu yangu. Niliona viatu vyake vya kanisani. Nilifikiri atanitoa nje, na nilikuwa tayari, nilikuwa nimeshaanza kupanga jinsi nitakavyompita mama jikoni. Akainama, akachukua kikombe kutoka mkononi mwangu. Alikiangalia muda mrefu. Midomo yake ilitembea, labda aliomba, labda alihesabu miaka. Akanywa yote.

"Haifae mutoto aonje yeye peke," akasema kwa Kiswahili chetu, halafu akakumbuka, akalisema tena kwa Kinyarwanda kwa ajili ya wageni. "Nyumba hii iko na mukubwa."

Akarudi kuketi. Akasukuma glasi yake ya maji pembeni, mbali, mpaka ukingoni mwa meza.

Kanisani tulikaa nje wote wawili baadaye, mimi miezi miwili bila kwaya, yeye zaidi, kwa sababu mkubwa anapimwa kwa kipimo chake. Hajanilaumu hata siku moja. Jumapili moja tu aliniuliza kama watu wanaokunywa kila siku wanaipenda kweli ile ladha, nikamwambia sidhani. Lakini siku ile sikuwa nafikiria kwaya. Nilikuwa naangalia mkono wa mzee mwenye fimbo.

Aliegemeza fimbo ukutani. Akaingiza vidole viwili katika glasi, akatoa ndimu, akaiweka kwenye kisahani kama kitu alichokiokota njiani. Akanywa funda moja. Tukangoja. Akanywa la pili.

"Imekuwa ya moto," akasema.

Shangazi akachukua yake. Wengine wakachukua zao. Nikasikia glasi zikigusa meza huku na huku, na mahali fulani nyuma yangu, jikoni, mama akaangusha kifuniko cha sufuria na hakukiokota.

"Binti," mzee akaniita. "Zile nyingine utuletee na chupa zake."

Nilikimbia. Nilibeba kreti yenyewe, sikutafuta sinia, nikaiweka katikati ya sebule, na nikaanza kufungua moja moja, kila chupa nikiinyanyua kwanza mbele ya mwenyewe aione ina kizibo. Wakati nafungua, mzee alikohoa, akaacha kabisa habari za mvua. Akasema wao ni watu wa kule juu, wameona lango hapa, na wangependa kujua kama siku wakirudi watalikuta limefungwa. Maneno yalikuwa marefu kuliko hivyo na yamepambwa, lakini hiyo ndiyo ilikuwa maana. Baba mdogo alikaa kimya. Najua kimya ni sehemu ya desturi, mkubwa wa nyumba haruki kujibu. Lakini kilikuwa kirefu, na mimi nilikuwa na chupa ya saba mkononi, na vidole vyangu vilikuwa vimelowa.

"Murudi," baba mdogo akasema. "Mutatukuta."

Kifungulio kikaniponyoka. Kiliruka sakafuni, kikateleza mpaka chini ya pazia la mlango wa chumba, kikapotea. Watu wote waliangalia pazia. Kisha mkono ukatoka chini yake, mkono wa msichana ambaye hatakiwi kuonekana, na ndani ya vidole mna kifungulio. Ukakisukuma taratibu juu ya sementi hadi katikati ya njia, ukarudi ndani.

Shangazi akageukia dirisha haraka, akasema miti ya huku inakua vizuri. Wote wakakubali kwamba inakua vizuri. Nikaenda nikaokota kifungulio, nikafungua chupa ya saba.